Dama Mwinga, Mpiga Kayamba wa Bongwe, na Wajapani wa Mwabungo

Mchungaji wetu, wazee wa mtaa, jamaa mliotoka Taru alfajiri, majirani wa Bongwe, Mwabungo na Ukunda, na wageni wetu mliovuka bahari, shikamooni wakubwa, na kwa ndugu zetu Waislamu, asalaam aleikum. Mimi naitwa Garama Mwinga, mwalimu mstaafu, ndugu wa tumbo moja wa marehemu, na nimesimama hapa leo, Jumamosi tarehe 22 Machi 2025, kwa niaba ya familia, kuwasomea maisha ya dada yetu mpendwa, Hannah Dama Mwinga. Kabla sijaanza ni lazima niseme kwamba karatasi hii sikuiandika peke yangu, nusu yake aliniandikisha mwenyewe akiwa kitandani, na kila nilipojaribu kuyatia maneno manukato aliniambia, "Hapo usipapambe, Garama, sema kama ilivyokuwa," kwa hiyo mkisikia mahali msomaji anajisema vibaya, mjue anatii amri ya marehemu.

Marehemu alizaliwa Taru mwaka 1961, mtoto wa kwanza kati ya watoto watatu wa Mzee Mwinga na Mama Kavumbi, wote wawili wametangulia mbele ya haki, na mimi ndiye kitinda mimba. Kitambulisho chake kinasema tarehe mosi Januari, lakini hiyo ni tarehe ya karani, mama yetu alikuwa na kumbukumbu yake, kwamba Dama alizaliwa kiangazi, ng'ombe wakiwa wamepelekwa mbali kutafuta maji, na kwamba alikuwa ameanza kutambaa wakati mvua kubwa ya mwaka ule iliposhuka ikazoa barabara, na watu wakavuka kwa kushikana mikono mahali ambapo juzi tu palikuwa na vumbi. Mama Kavumbi alikuwa mpiga kayamba wa kuitwa, yaani watu walitembea kutoka Samburu na Mackinnon Road kuja kumchukua kwa ajili ya arusi na matanga, naye akitoka alimchukua Dama, akamkalisha karibu na miguu yake, na huko ndiko mtoto alikojifunza, kabla hajaweza kuinua chombo chenyewe, ule ubao bapa wa matete uliojazwa mbegu, akiigiza kwa ungo wa mahindi, akichekecha huku na huku mpaka wanawake wakaacha kazi zao wakamsikiliza.

Alijiunga na shule ya msingi ya pale nyumbani Januari 1969, akamaliza darasa la saba mwaka 1975, akafaulu mtihani, na barua ya kuitwa shule ya upili ikaja mwaka uliofuata, ikakuta ukame umemaliza mifugo ya baba. Barua ile aliikunja akaiweka katika Biblia ya mama, akabaki nyumbani kuchunga mbuzi waliosalia na kunilea mimi, akinisomesha herufi kwa kuchora mchangani kwa fimbo ya kuchungia. Mimi Garama nilisoma kwa sababu Dama hakusoma, na sentensi hii aliniambia niifute, nikamwambia ndiyo, na sikuifuta.

Mwezi wa Aprili 1981 alishuka pwani pamoja na binamu yetu mmoja, akapata kazi ya udobi katika hoteli ya ufuoni Diani, akafua na kupiga pasi mashuka kwa miaka kumi na sita. Mwaka 1983 wafanyakazi wa hoteli ile waliunda kikundi cha ngoma cha kuwachezea wageni kila Jumanne na Ijumaa, Dama akiwa kiongozi wa kayamba, na humo ndimo alimofahamiana na mpishi mmoja mtulivu kutoka Bongwe, Japheth Menza, ambaye kila Ijumaa alitoka jikoni na mwiko mkononi akasimama mlangoni kusikiliza, hata siku moja mchuzi ukaungua, meneja akamuuliza alikuwa wapi, akajibu, "Nilikuwa hapahapa, bwana, lakini masikio yalitoka." Walifunga ndoa takatifu Jumamosi tarehe 14 Desemba 1985, wakajaliwa watoto watatu, Rispah mwaka 1986, Mwinga mwaka 1989, na Faith mwaka 1994. Shemeji yangu Japheth yuko hapa mbele yenu, na nampa pole, maana miaka thelathini na tisa si kidogo.

Mwaka 1997, kwa sababu ya machafuko yaliyotupata pwani, wageni walikimbia na hoteli ikafungwa, Dama akarudi kwenye shamba la mihogo hapa Bongwe, lakini kayamba hakuliacha, aliitwa kwenye arusi na misiba kutoka Tiwi hadi Msambweni kama mama yetu alivyoitwa kule bara, na mwanawe Mwinga alipokuwa mkubwa akawa anampigia ngoma. Walioona mama na mwana wakicheza pamoja wanasema walikuwa hawatazamani hata kidogo, kila mmoja akiangalia upande wake, na bado hakuna aliyemtangulia mwenzake.

Jumapili tarehe 6 Mei 2012, Mwinga, akiwa na umri wa miaka ishirini na mitatu, aligongwa na gari akiwa kwenye pikipiki, akafariki palepale. Tulimzika hapa, mnaliona kaburi lake. Mama yake alimpigia kayamba siku tatu za matanga, siku ya nne akalitundika darini, na kuanzia hapo hakulipiga tena, watu wakija kumwita aliwapikia chai akawaambia, "Samahanini, mpigaji hayupo," nao wakajifunza kutouliza.

Miaka mitano ikapita namna hiyo.

Mwezi Juni 2017 walifika Mwabungo watu saba kutoka Japani, wakakodi ghala la zamani la mbata lililokuwa limebaki popo tu, wakaziba madirisha kwa vitambaa vyeusi, wakaingiza masanduku mengi, na uvumi ukaenea kwamba ni wachimba madini, wengine wakasema ni madhehebu mapya. Kumbe walikuwa kikundi cha sanaa kinachoitwa Hikarigusa, jina ambalo kwa lugha yao, tulivyofasiriwa, ni majani ya mwanga, wakiwemo wachezaji, mafundi wa kompyuta, mchoraji na mpiga muziki, na kazi yao ni kuchanganya ngoma, picha na mitambo papo hapo mbele ya watu, mchezaji akiinua mkono, ukutani mwanga unainuka, akipumua, mwanga nao unapumua. Kiongozi wao ni Bi. Chihaya Mukai, aliyekaa pale kwenye mkeka pamoja na akina mama, na fundi wao wa hapa kwetu ni Luqman, kijana wa Ukunda aliyekuwa akishughulikia taa na spika za hoteli, ambaye pia alikuwa mdomo wao, kwa maana wao Kiswahili hawakukijua na sisi chao ndiyo kabisa.

Bi. Chihaya alikuwa akitafuta sauti, hakujua jina lake, alisema alisikia mara moja kwenye arusi kwa mbali sauti kama mvua inayokaribia na kurudi, na jirani yetu Bi. Hanifa, aliyekuwa akiwauzia mahamri, akamwambia, "Hiyo ni kayamba, na mwenyewe wa kayamba ni jirani yangu, lakini amenyamaza, sijui kama atakufungulia." Akamleta. Dama alikuwa ukumbini akiambua kunde, akamkaribisha mgeni, akasikiliza ombi lake kupitia kwa Luqman, akajibu kwa upole, "Mwambie kayamba halisikiki kwa kuombwa, linasikika kwa kupigwa, na mimi sipigi." Bi. Chihaya hakubishana, alivua viatu, akakaa, akavuta ungo, akaanza kuambua kunde naye, kesho yake akarudi, na keshokutwa, bila kuomba kitu tena, na siku ya nne Dama mwenyewe ndiye aliyeuliza, "Na huko kwenye ghala lenu mnafanya nini?"

Walikwenda asubuhi, yeye, Bi. Hanifa na shemeji Japheth. Ndani palikuwa giza la baridi, alinieleza baadaye, giza lenye harufu ya nazi kuukuu, akasimama katikati akiogopa kukanyaga nyaya, na lile vumbi la mbata likamwingia kooni akakohoa, na palepale, kutoka miguuni pake hadi kwenye paa, ukapita mwanga wa rangi ya machungwa, ukafika juu, ukatawanyika, ukazimika. Akakohoa tena, makusudi sasa, na mwanga ukapita tena. Bi. Hanifa akasema, "Subhanallah," na dada yangu, ambaye kwa miaka mitano tulikuwa hatujaisikia sauti ya kicheko chake, akacheka, na kicheko kikatoka ukutani kama ndege wengi weupe wanaoamshwa kwa pamoja, akasema, "Jamani, hata kikohozi changu kina rangi!" Aliporudi nyumbani alimwambia mumewe alete ngazi, kayamba likashushwa darini.

Kuanzia hapo alikwenda ghalani karibu kila siku kwa mwaka mzima na zaidi. Walimfunga mikononi vidude vidogo kama vifungo vya shati, vya kuiambia mitambo mkono umekwenda wapi, naye alikuwa hapendi kuambiwa fanya hivi fanya vile, aliwaambia, "Nyinyi nifuateni tu, mkipotea niiteni." Na wakamfuata.

Jumamosi tarehe 24 Novemba 2018, jua lilipokwisha kuzama, walionyesha kazi yao katika uwanja wa mpira Msambweni, kitambaa cheupe kirefu kikiwa kimefungwa wima toka goli hadi goli, na watu walikuja kutoka Gazi, Kinondo, Mwabungo na hapa Bongwe. Mimi sikuwepo, nayasema niliyoambiwa. Dama alianza kuchekecha polepole, na chini kwenye kitambaa yakaota majani ya mwanga, mafupi kwanza, kisha yakarefuka hadi kiunoni mwa mtu, yakawa nyika nzima ya Taru baada ya mvua, yakilala upande huu alipotikisa upande huu, yakilala ule alipotikisa ule, na katikati ya majani wakapita mbuzi, mbuzi wa mwanga, wala hakuna aliyewachora siku ile, walitokea kwa mwendo wa mikono yake. Bibi mmoja Mduruma aliyeolewa pwani miaka mingi alisimama katika umati akaanza kuwaita mbuzi kama anavyoitwa mbuzi kwetu, akiwaita kwa majina, na hakuna aliyemcheka, wengine wakaanza kuita nao, na kwa muda ule, Luqman ananiambia, mitambo ilikuwa inasikia watu wote, ikawa haijui tena nani ni mchezaji na nani ni mtazamaji.

Dada yangu alinialika. Nilimjibu kwa ujumbe wa simu wa maneno matatu, "Nina mkutano kanisani." Hapakuwa na mkutano wowote. Nilikuwa mzee wa kanisa, nilikuwa nimesikia kuna ghala la giza na vivuli vinavyocheza bila mwili, na niliona aibu kwa watu, na aibu ile niliiita imani.

Mwaka uliofuata Hikarigusa walimwalika Japani, na tukakutana kama familia hapa ukumbini, Jumapili tarehe 2 Juni 2019. Mimi ndiye niliyepinga. Nilisema, "Dada, una miaka hamsini na minane, unakwenda kuchezea watu wasiokujua, na ule mchezo wao wa kusimamisha vivuli si wa Mungu, ni kuita koma, roho za wafu." Akaniambia, "Garama, umeuona?" Nikasema sihitaji kuuona. Akasema, "Mimi nilikufundisha kusoma, sikukufundisha kusoma kitabu kilichofungwa." Nikainuka kwa hasira. Shemeji Japheth, ambaye huwa hasemi mikutanoni, akasema, "Mimi niliwapikia wageni Wajapani kule hotelini miaka kumi na miwili, hawajawahi kurudisha sahani na chakula ndani, mwacheni mke wangu aende." Aliondoka tarehe 3 Septemba 2019 pamoja na binti yake Faith na Luqman, wote wa familia walimsindikiza mpaka uwanja wa ndege wa Mombasa isipokuwa mimi.

Sasa nafika kwenye jambo ambalo marehemu alinisisitizia lisomwe lote, naye Bi. Chihaya ametupa ruhusa.

Walipelekwa katika mji mdogo wa pwani ya kaskazini, mji wa Bi. Chihaya, ambao Machi 2011 ulipigwa na mawimbi makubwa ya bahari, na mama yake akachukuliwa na maji, hakuonekana mpaka leo. Katika onyesho lao palikuwa na kipande ambacho hakuna aliyeruhusiwa kukigusa isipokuwa Bi. Chihaya, kwani mafundi walichukua video za zamani za mama yule wakatengeneza kwa mwendo wake umbo la mwanga, mwanamke wa makamo, mwembamba, anayetokea kushoto mwa jukwaa, anatembea taratibu mpaka kulia, anatoweka, kisha anatokea tena kushoto. Hakuna sura, mwendo tu, lakini waliomjua walimtambua kwa mwendo. Na hata siku zisizo na onyesho Bi. Chihaya alimwasha kila jioni, akamtazama, kwa miaka minane.

Dama alimtazama mama yule akipita mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tatu, akamgusa Luqman akasema, "Mwambie huyu mama wanamchosha, wamwache akae." Luqman aliogopa kulifasiri neno hilo, akazungukazunguka, Dama akarudia, na Faith ndiye aliyelisema kwa Kiingereza. Bi. Chihaya akazima mitambo, akatoka nje, na siku nzima ya pili hakuzungumza na mtu, onyesho likiwa limebakisha siku sita, mafundi wakaanza kunong'ona kwamba litavunjwa, Faith akalia akimwambia mamake, "Mama, tumeharibu," naye akasema, "Ngoja."

Siku ya tatu Bi. Chihaya alikuja chumbani kwao asubuhi, akakaa chini, akauliza swali moja tu, "Kwenu mtu asiyeonekana mwili mnamfanyaje?" Dada yangu akamwambia, "Tunamkalia matanga vilevile, kwa sababu matanga si ya mwili. Mimi mwanangu alipokufa nilinyamaza miaka mitano. Wewe mama yako umemtembeza miaka minane. Mwanangu, sote wawili tulikuwa tunakataa jambo moja."

Basi wakakaa matanga, Japani, siku tatu, katika nyumba ya Bi. Chihaya, ambayo sakafu yake ni mikeka, hata Dama akasema hakuona ugeni. Majirani walikuja na wali na samaki, hawajui la kufanya, wanasimama mlangoni na sahani mikononi, Dama akimwambia Luqman, "Waambie wasitafute neno la kufariji, waingie, wakae tu," nao wakaingia, wakakaa, na polepole mmoja akaanza kueleza jinsi mama yule alivyokuwa akiimba vibaya, mwingine akasema alikuwa mchoyo wa vitunguu, wakacheka, wakalia, na siku ya tatu asubuhi wakateremka wote ufuoni, ukungu ukiwa umefunika maji hata bahari haikuonekana, ilisikika tu, na Dama akapiga kayamba kuielekea. Faith anasema hawezi kueleza vizuri kilichotokea, anasema mawimbi na kayamba vilikuwa vinapokezana, na kwamba wazee wa mji ule, ambao tangu mwaka ule walikuwa hawashuki ufuoni, walisogea hatua moja moja mpaka viatu vyao vikalowa.

Mafundi walirudi kwenye zile video za zamani, wakatafuta, wakapata mahali pafupi sana ambapo mama yule anaketi kwenye kizingiti cha mlango akimenya tunda. Tarehe 21 Septemba 2019, mbele ya ukumbi uliojaa, yule mwanamke wa mwanga alitokea kushoto kama siku zote, akatembea mpaka katikati, akasimama, kama anayesikia kitu, akaketi. Akaanza kumenya. Dama akapunguza mkono, akapunguza, mpaka mbegu zikawa zinasikika moja moja ndani ya matete, na mwanga ukapungua nazo, ukabaki mdogo kama kibatari, kisha hapakuwa na kitu jukwaani isipokuwa mama mmoja wa Kiduruma mwenye leso, ameinamisha kichwa. Bi. Chihaya alilia kwa sauti, kama tunavyolia sisi. Hajamwasha mama yake tena tangu jioni ile.

Dada yetu alirudi tarehe 30 Septemba 2019, akaendelea na maisha yake, akilima, akifundisha wanawake na vijana kayamba pale ghalani, na Hikarigusa walirudi mara mbili baada ya ule ugonjwa wa dunia nzima kupungua, mwaka 2022 na mwaka 2023, wakafanya maonyesho Kwale na Msambweni. Mimi na yeye tulikuwa tukisalimiana kwenye misiba. Shikamoo dada, marahaba, basi. Miaka mitano na zaidi.

Agosti 2023 alianza kuvimba miguu na kukosa pumzi, akapelekwa hospitali ya Msambweni, ikagundulika kwamba moyo umepanuka, akawa anatibiwa na kurudi nyumbani, anapata nafuu na kulemewa tena. Rispah ndiye aliyenipigia simu, tarehe 11 Januari mwaka huu, akasema, "Mjomba, mama hajakuita, lakini kila mlango ukifunguliwa anatazama." Nilifika kesho yake. Nilikuwa nimetayarisha maneno mengi njiani, nilipoingia nikasema shikamoo, akasema, "Marahaba, umechelewa, chukua kalamu." Ndivyo tulivyosameheana, na ndivyo karatasi hii ilivyoanza.

Nilikaa naye wiki nane. Alikuwa akisinzia mchana, mikono ikichekecha juu ya shuka, akiamka ananiambia alikokuwa, mara yuko Taru anavuka maji kwa kushikana mikono na mama, mara yuko ghalani na Mwinga anapiga ngoma, na hakuwa akieleza kama mtu aliyeota, alieleza kama mtu aliyerudi kutoka sokoni. Siku moja mwezi wa Februari Luqman alituambia kwamba mwendo wote wa Dama umehifadhiwa katika mitambo yao, miaka sita ya mikono yake, na kwamba wakitaka wanaweza kumsimamisha kwa mwanga akacheza, na Bi. Chihaya ameandika kuuliza kama familia itapenda afanyiwe hivyo siku ya maziko. Na mimi, niliyekataa uwanja wa Msambweni, niliyekataa Japani, niliyeita jambo hilo kuita koma, nilisema kabla ya mtu mwingine, "Ndiyo. Tafadhali." Sikuwahi kumwona dada yangu akicheza na ule mwanga, hata mara moja, na niliona siku zinakwisha.

Dama akatikisa kichwa. Akasema, "Hapana, Garama. Siku ile nataka kulala kama watu wote, na nyinyi mkae kama watu wote. Mwaka ukitimia, wakitaka, wanichezeshe mara moja, Taru, si kwingine, maana kule hawajaona. Baada ya hapo wawape wanaojifunza ile mikono tu, umbo walifute." Nikamwambia, "Na mimi?" Akasema, "Wewe utangoja. Mimi nilikungoja."

Alituacha Jumapili tarehe 9 Machi 2025, saa nne asubuhi, katika hospitali ya Msambweni, mumewe akiwa amemshika mkono wa kulia na Faith wa kushoto. Ameacha mume, mabinti wawili, wajukuu watano, na sisi ndugu zake. Kama alivyoagiza, hakuna mtambo wowote utakaowashwa hapa leo, na mkiona masanduku ya Luqman pale nje, ni spika tu za mchungaji.

Kwa niaba ya familia, tunawashukuru madaktari na wauguzi wa Msambweni waliomhudumia mwaka mmoja na miezi saba bila kuchoka, na hasa muuguzi Beryl, aliyekubali dada yetu aingie wodini na kayamba lake na akawaeleza wagonjwa wengine kwamba ni dawa. Tunawashukuru majirani wa Bongwe, Waislamu na Wakristo, mliopika, mliochota maji, mliochimba kaburi, na Bi. Hanifa, ambaye siku hizi kumi na tatu hajalala kwake. Tunaushukuru ushirika wake wa kanisa, na wanawake wa kikundi chake. Tunawashukuru wenzake wa kazi, kuanzia madobi wa hoteli ya zamani, ambao mmekuja na nywele nyeupe, hadi Hikarigusa, mliosafiri siku mbili, mkafika mkavua viatu, hamkutafuta neno la kutuambia, mkakaa.

Mwakani, Jumatatu tarehe 9 Machi 2026, wote mnakaribishwa Taru. Kitambaa kitafungwa uwanjani kwa shule, jioni, mifugo ikisharudi. Watakaotoka mbali watalala kwangu, na anayetaka kuniona atanikuta mstari wa mbele, nitakuwa nimefika tangu adhuhuri.

Dama, dada yangu, Mungu akulaze mahali pema, upumzike kwa amani. Amina.